Waliorejea na Wasiorejea: Watoto wa Nyumba za Wamishonari



Neno yubilei tumelisikia sana mwaka huu. Tumelishona kwenye sare na kuliandika kwenye mabango. Asili yake imo katika Mambo ya Walawi, sura ya 25. Mwaka wa hamsini baragumu ilipigwa katika nchi yote, watumwa wakaachiliwa, shamba lililouzwa likarudi kwa wenyewe, na kila mtu akarejea kwa jamaa yake. Kwa hiyo yubilei si hesabu ya miaka peke yake. Ni habari ya kurudi nyumbani.

Ndiyo maana ukurasa huu wa historia tumeutoa kwa watu ambao nyumbani kwao palikuwa swali gumu. Tunapoeleza jinsi Injili ilivyofika kwetu, huwa tunawataja wanaume waliotua pwani na vitabu vyao. Nyuma yao kulikuwa na nyumba zilizojaa watu: wake, watoto wachanga, mayaya, wapishi, na watoto wa majirani waliokuja kucheza uani. Nyingi ya tenzi tunazoziimba hadi leo zilitafsiriwa katika nyumba hizo, pengine mtoto akilia chumba cha pili. Wazazi waliitwa, wakaitika. Watoto hawakuulizwa. Walibebwa wakapelekwa, au waliachwa. Historia yao inatufaa leo kwa sababu sisi nasi sasa ni kanisa linalotuma.

Makaburi ya Mombasa

Johann Ludwig Krapf alifika Mombasa mwaka 1844 pamoja na mkewe, Rosine. Walikuwa wametoka upande wa Ethiopia, na tayari walikuwa wamezika mtoto. Binti yao wa kwanza alizaliwa kabla ya wakati, safarini, nyikani, na hakuishi. Walimpa jina la Eneba, neno la Kihabeshi lenye maana ya chozi.

Juni mwaka huo, Krapf alianza kutafsiri kitabu cha Mwanzo kwa Kiswahili akisaidiwa na kadhi wa Mombasa. Mwezi uliofuata Rosine alijifungua binti mwingine, huku mume na mke wote wameshikwa na homa. Tarehe 13 Julai Rosine alifariki. Siku chache baadaye mtoto naye akamfuata. Walizikwa bara, ng'ambo ya kisiwa.

Krapf aliwaandikia waliomtuma kwamba kaburi hilo lilikuwa ishara ya kuanza kwa kazi katika upande huu wa Afrika. Maneno hayo yamehubiriwa mara nyingi katika makanisa yetu, na ni ya kweli. Ila tusisahau kwamba aliyeyaandika alikuwa mwanamume aliyezika mke na watoto wawili katika muda usiofika miaka miwili.

Mwenzake, Johannes Rebmann, alifika mwaka 1846, wakaanza kazi pamoja Rabai. Rebmann alioa mwaka 1851. Mtoto wao alikufa akingali mchanga, na mkewe, Emma, alifariki mwaka 1866 akazikwa Rabai. Rebmann alibaki na kamusi zake mpaka macho yakaharibika kabisa. Alipoondoka mwaka 1875 alikuwa kipofu, na aliyemshika mkono kwenye safari ya kurudi Ulaya alikuwa Isaac Nyondo, kijana wa Rabai, mwana wa mmoja wa waumini wa kwanza wa hapo. Mzee yule asiye na mtoto alirejeshwa kwa jamaa yake na mwana wa Rabai. Mwaka uliofuata alilala.

Kwa nini walirudishwa Ulaya

Watoto waliopona homa walikuwa na jaribu lingine. Katika karne ile ya 19, familia nyingi za wamishonari, iwe India, China au Afrika, ziliwarudisha watoto Ulaya walipofika umri wa shule, na wazazi wakabaki kazini. Sababu zilizotajwa waziwazi zilikuwa mbili: ugonjwa na masomo. Malaria iliua bila kueleweka, kwani haikuthibitishwa kwamba mbu ndiye anayeieneza hadi mwaka wa 1897. Shule za kumwandaa mtoto kwa maisha ya Ulaya nazo hazikuwepo huku. Sababu ya tatu ilisemwa kwa sauti ya chini: wakubwa wa misheni waliogopa kwamba mtoto angekua na lugha na tabia za wenyeji, asiwe tena wa kwao.

Misheni ya Basel, ambako Krapf na Rebmann walipata mafunzo yao, iliweka jambo hilo kuwa kanuni mwaka 1853. Mtoto wa mmishonari alipofika umri wa shule alipaswa kupelekwa Ulaya, akalelewa na ndugu au katika nyumba ya watoto ya misheni. Uingereza nako zilikuwepo shule za namna hiyo. Ya mabinti wa wamishonari ilianzishwa mwaka 1838, na ya wavulana mwaka 1842. Chama cha CMS, kilichowatuma Krapf na Rebmann huku, kilikuwa na makao yake ya watoto huko Highbury, London.

Tujaribu kuipima hali hiyo kwa vipimo vya leo. Kabla ya Mfereji wa Suez kufunguliwa mwaka 1869, barua ilichukua miezi mingi kufika na miezi mingi kujibiwa. Mtoto aliyeandika kwamba jino linamuuma alipata pole ya mama wakati jino jipya limekwisha kuota. Wengi walionana na wazazi baada ya miaka saba au kumi, wakatambulishwa kama wageni.

Mmoja wao alikuwa Marie Gundert, aliyezaliwa kusini mwa India mwaka 1842. Aliachwa Ulaya akiwa mtoto mdogo sana, wazazi wakarudi kazini. Alipofika tena India mwaka 1857 alikuwa msichana wa miaka 15. Baadaye aliolewa na Charles Isenberg, mwana wa yule Isenberg aliyefanya kazi na Krapf Ethiopia. Watoto hawa wa misheni walioana mara nyingi wao kwa wao, labda kwa sababu hapakuwa na haja ya kuelezana maisha yao. Isenberg alikufa mapema, Marie akaolewa tena, akamzaa Hermann Hesse, mwandishi aliyepewa Tuzo ya Nobel mwaka 1946.

Nyumba ya Livingstone

Hakuna nyumba inayoonyesha gharama hiyo waziwazi kama ya David Livingstone, ambaye kila mtoto wa shule hapa kwetu anamjua. Wachache wanamjua mkewe.

Mary Moffat alizaliwa Afrika Kusini mwaka 1821, binti wa mmishonari Robert Moffat, akakulia Kuruman. Kwake Afrika ndiko kulikuwa nyumbani, na Uingereza ndiyo iliyokuwa ugenini. Aliolewa na Livingstone mwaka 1845, akamfuata jangwani akiwa mjamzito na watoto mkononi. Mwaka 1850 walimpoteza binti mchanga, Elizabeth.

Mwaka 1852 Livingstone aliwapandisha meli mkewe na watoto wanne pale Cape Town, akageuka kwenda zake bara. Mary alikaa Uingereza zaidi ya miaka minne bila mume, bila fedha za kutosha, akihama nyumba hadi nyumba katika nchi ambayo haikuwa yake. Ndipo Livingstone aliporudi mwishoni mwa mwaka 1856, akapokewa kama shujaa wa taifa. Mary alikufa kwa homa huko Shupanga, kando ya Mto Zambezi, tarehe 27 Aprili 1862.

Mtoto wa kwanza, Robert, alikua bila kumjua baba yake. Mwaka 1863 alisafiri hadi Afrika Kusini ili amfuate, lakini hakufika alipokuwa. Akavuka kwenda Marekani wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe, akajiandikisha jeshini kwa jina la Rupert Vincent, kwa maana hakutaka kuliaibisha jina la Livingstone. Alikamatwa, akafa kizuizini Desemba 1864, akiwa na miaka 18.

Livingstone mwenyewe aliandika baadaye kwamba alijuta kutotenga muda wa kucheza na watoto wake. Hatulisemi hili ili kumvunjia heshima. Alipinga biashara ya utumwa kwa nguvu zake zote, nasi tulifaidika. Lakini bili ya kazi ile ililetwa nyumbani, na walioilipa hawakuwa na sauti.

Watoto waliotoka kwetu

Livingstone alizikwa London tarehe 18 Aprili 1874. Kando ya jeneza lake, pamoja na watoto wa marehemu, alikuwepo kijana Mwafrika, Jacob Wainwright, aliyefuatana na mwili huo kutoka Afrika. Wainwright naye alilelewa mbali na kwao, ila kwa njia nyingine kabisa.

Alitoka Nasik, India. Manowari za Uingereza zilipokamata majahazi ya watumwa katika Bahari ya Hindi, baadhi ya watu waliookolewa walishushwa Bombay, na wengi wao walikuwa watoto. Misheni iliwalea Sharanpur, karibu na Nasik, ikawafundisha kusoma, useremala na uhunzi, ikawabatiza kwa majina ya Kizungu. Hawakuweza kurudishwa kwa mama zao, kwa kuwa wengi walitekwa wadogo mno kukumbuka njia, au kijiji chenyewe kilikuwa kimechomwa.

Mwaka 1864 William Jones na Ishmael Semler, waliolelewa huko, walikuja Rabai kumsaidia Rebmann. Miaka kumi baadaye William Salter Price, aliyewahi kuwa mlezi wao Nasik, alikuja kuanzisha kijiji cha watu walioachiliwa huru kule Mombasa, kikaitwa Freretown. Kengele yake bado ipo, na mtaa wa Kengeleni umepata jina kutokana nayo. Watu wa Nasik ndio waliokuwa walimu, mafundi na wakalimani wa kanisa hilo changa. Hata hivyo hawakuhesabiwa sawa na wamishonari waliotoka Ulaya, si kwa mshahara wala kwa cheo.

Mwaka 1885 Askofu James Hannington aliwabariki Jones na Semler kuwa mashemasi. Mwaka huohuo alimchukua Jones katika safari ya kwenda Uganda. Hannington alitangulia na watu wachache, akauawa Busoga mwezi wa Oktoba, naye alikuwa ameacha mke na watoto Uingereza. Jones ndiye aliyewaongoza waliosalia kurudi pwani. Walipoingia Rabai mapema mwaka 1886, walibeba bendera ya buluu iliyoandikwa neno moja: Ikabodi.

Wasomaji wa 1 Samweli wanakumbuka maana yake, kwamba utukufu umeondoka. Pengine tunasahau kwamba Ikabodi lilikuwa jina la mtoto. Alizaliwa katika nyumba ya kuhani, siku ambayo baba yake aliuawa na mama yake akafa akimzaa. Yeye pia ni mtoto wa nyumba ya watumishi aliyebaki peke yake. Na aliyeibeba habari hiyo hadi Rabai alikuwa mtu ambaye mwenyewe alinyang'anywa wazazi akiwa mdogo.

Kabete na Kijabe

Karne ya 20 ilipoanza, reli ilikuwa imefika bara na watoto wa wamishonari wakaanza kukulia hapa hapa. Mwaka 1902 Kasisi Harry Leakey na mkewe walifika Kabete. Mwaka 1903 alizaliwa Louis. Wakati baba yake akishughulika na kazi ya kuitafsiri Biblia kwa Kikuyu pamoja na wenzake, Louis alikuwa nje na wavulana wa rika lake. Alikisema Kikuyu kama wao, akajenga kibanda chake, akapitia jando pamoja nao. Alipopelekwa shule Uingereza baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, alijiona mgeni kabisa. Chuo Kikuu cha Cambridge kilipomtaka aonyeshe lugha ya pili, alitoa Kikuyu, na kikakubaliwa.

Dada zake wawili waliendelea na kazi ya kanisa. Gladys aliolewa na Leonard Beecher, ambaye mwaka 1960 alikuwa Askofu Mkuu wa kwanza wa Jimbo la Afrika Mashariki. Julia aliolewa na Lawrence Barham, aliyekuwa Askofu wa Rwanda na Burundi, na mtoto wao naye akawa askofu Rwanda. Mwaka 1937 ndugu wa Uamsho kutoka Rwanda walipokuja Kenya, walikuja Kabete. Kila tunapoimba Tukutendereza, tunaimba sehemu ya historia hiyo.

Tukiwa wakweli tutasema na upande wa pili. Wakati wa hali ya hatari, Louis Leakey aliitumikia serikali ya kikoloni. Katika kesi ya Kapenguria alikuwa mkalimani wa mahakama, mpaka mawakili wa Mzee Kenyatta walipompinga akajiondoa. Mtu anaweza kuijua lugha ya watu, akala nao na kutahiriwa nao, na siku ya mgogoro akasimama ng'ambo. Hilo liliwauma wazee wa Kabete kuliko maneno ya mlowezi yeyote, kwa sababu huyu walimwita mwana.

Kule Kijabe, Africa Inland Mission ilianzisha shule ya watoto wa wamishonari mwaka 1906, Rift Valley Academy. Mwaka 1909 Theodore Roosevelt, aliyekuwa ametoka kwenye urais wa Marekani, aliweka jiwe la msingi la jengo lake. Shule hiyo iliwaponya wengi na uchungu wa kupelekwa ng'ambo ya bahari, maana sasa mtoto aliweza kumwona mama wakati wa likizo. Lakini katika siku za ukoloni ilikuwa ya watoto wa wazungu tu. Mtoto aliyecheza na wenzake Waafrika mwezi wa Desemba aliingia Januari mahali ambapo wenzake hao hawakuruhusiwa kusoma. Walibaki nje ya ua, na mara nyingine yaya aliyemlea alibaki huko pamoja nao.

Hawa mayaya tunapaswa kuwataja. Mkono mmoja haulei mwana. Mwanamke aliyembeba mtoto wa mmishonari mgongoni, akamwimbia nyimbo za lugha yetu, mara nyingi alikuwa amemwacha wake kwa bibi. Majina yao hayamo vitabuni, lakini kazi yao ilikuwa huduma.

Sasa ni zamu yetu

Leo makanisa ya Kenya yanatuma. Tuna wainjilisti Turkana na Marsabit, na wamishonari wetu wamevuka hadi Sudan Kusini na mbali zaidi. Tunawaombea mbele ya kanisa, tunawawekea mikono, kwaya inaimba, harambee inafanyika, na gari linaondoka. Watoto wao wako shule za bweni, au kwa nyanya, au huko waliko wakisoma kwa lugha ya tatu. Wengine ni watoto wa wachungaji waliohamishwa parokia mara nne kabla ya kumaliza shule ya msingi. Katika mahubiri yetu ya kuwaaga wazazi, ni mara ngapi tumetaja jina la mtoto?

Historia tuliyoisoma haitufundishi kuacha kutuma. Inatufundisha kumhesabu mtoto. Mambo manne yamo ndani ya uwezo wa kwaya hii.

Kwanza, tuyajue majina yao na tarehe zao za kuzaliwa, tuyaweke kwenye daftari la maombi pamoja na ya wazazi. Siku hizi salamu za simu hazichukui miezi.

Pili, karo ya watoto hao ihesabiwe ndani ya bajeti ya misheni, isiachwe kuwa deni la baba linalomfuata hadi kazini.

Tatu, shule zifungapo, kila mtoto aliye mbali na wazazi awe na nyumba moja hapa inayomtarajia, yenye kitanda chake na kazi zake za mikono. Asizungushwe kama mgeni kila likizo.

Nne, anaporudi tusimlazimishe kusimama mbele kutoa ushuhuda wa furaha. Akitaka kuimba, aimbe. Akitaka kulia, au kusema kwamba alikasirika, tumsikilize. Robert Livingstone alihitaji mtu wa kumsikiliza kuliko jina kubwa alilopewa.

Kwenye kwaya tunajua sauti ya mtoto inavyopotea kama besi wote wakipaza. Msimamizi mzuri huinua mkono, besi wakashuka, ndipo ile sauti ndogo ikasikika, na wimbo ukakamilika.

Baragumu ya yubilei inapolia mwaka huu, basi, na iwe ni habari njema hata kwa mtoto aliye bweni Jumapili ya leo, ambaye wazazi wake wako kazini mwa Bwana mbali na hapa. Yeye pia ana jamaa ya kurejea. Jamaa hiyo ni sisi.

Mungu aibariki kwaya yetu, na azibariki nyumba zote zilizotoa watoto wao ili sisi tupate kuimba. Amina.